Kinyerezi Iko Ukurasa wa Ngapi?

Ukichukua kitabu cha Hali ya Uchumi wa Taifa kuitafuta Kinyerezi, kata ya Ilala jijini Dar es Salaam, pita sura ya idadi ya watu bila kusimama. Nenda kwenye nishati. Hapo utaikuta pamoja na Kidatu, Mtera, Kihansi na Ubungo, nayo inatajwa kwa megawati. Kinyerezi II, iliyozinduliwa 2018, ina uwezo wa megawati 240, na gesi inayoiendesha inatoka Mtwara kwa bomba la kilomita 542. Kuhusu watu waliojenga kuizunguka mitambo hiyo, wanaoamka saa 10 alfajiri kuwahi gari la Kariakoo, kitabu hakisemi kitu. Kwa uchumi wa taifa, Kinyerezi ni umeme.

Sisemi hivyo kwa kulalamika. Kitabu hicho hakikuandikwa kwa ajili ya kata. Hutolewa kila mwaka na kuwasilishwa bungeni Dodoma mwezi Juni, asubuhi ya siku ya bajeti, waziri anaposoma hali ya uchumi na mpango wa maendeleo. Alasiri husomwa bajeti yenyewe, na hapo ndipo vyombo vya habari vinapoamka: bia imepanda kiasi gani, petroli je, sigara je? Kitabu cha asubuhi kinabaki kwenye mikoba ya wabunge. Ni hasara, kwa sababu kimeandikwa kwa Kiswahili kilichonyooka, wakati mwenzake wa Kenya hutoka kwa Kiingereza, na majedwali yake hayamshindi mtu aliyemaliza darasa la saba akiwa na subira.

Lakini mkazi wa Kinyerezi anayetaka kujua amekaa wapi katika namba za nchi itabidi ashuke ngazi: taifa, mkoa, wilaya, kata. Na kila anaposhuka, vitabu vinapungua. Taifa lina rafu nzima. Mkoa una majedwali yake. Kata ina mstari mmoja katika kitabu cha sensa cha idadi ya watu kwa maeneo ya utawala: jumla, wanaume, wanawake, wastani wa ukubwa wa kaya, uwiano wa jinsi. Basi. Ndiyo maana msomaji wa takwimu za Tanzania anapaswa kuanza na kitu ambacho wengi hukiruka, nacho ni mpaka. Namba hii inahesabu watu wa kutoka wapi hadi wapi, na mstari huo alichora nani, lini?

Tuchukue wilaya ya Kinondoni, hapahapa Dar es Salaam. Sensa ya 2012 iliikuta na watu 1,775,049. Sensa ya 2022 ikaikuta na 982,328. Mtu akiziweka namba hizi mbili bega kwa bega, Kinondoni imepoteza karibu watu laki nane katika miaka kumi, na hakuna vita wala tauni iliyopita Mwananyamala. Temeke nayo inaonekana imedumaa: 1,368,881 mwaka 2012, kisha 1,346,674. Kilichotokea ni kwamba baada ya sensa ya 2012 Kinondoni ilimegwa ikazaliwa wilaya ya Ubungo, na Temeke ikamegwa ikazaliwa Kigamboni. Rudisha vipande mahali pake. Kinondoni na Ubungo kwa pamoja zilikuwa na watu 2,069,240 mwaka 2022, ongezeko la asilimia kama 17. Temeke na Kigamboni zilikuwa na 1,664,576, ongezeko la asilimia kama 22.

Ilala haikumegwa. Ilibadilishwa hadhi tu mwaka 2021, Manispaa ya Ilala ikawa Jiji la Dar es Salaam, jambo ambalo mpaka leo linawachanganya watu wanaojaza fomu. Kutoka watu 1,220,611 ilifika 1,649,912: asilimia 35. Kwa hiyo katika miaka kumi hiyo, wilaya yenye ofisi za serikali, benki na soko la Kariakoo ndiyo iliyoongezeka watu kwa kasi kuliko upande wa Kinondoni na upande wa Temeke. Mtu asiyeijua Dar es Salaam angedhani watu wamejazana Posta. Anayeijua anacheka. Kisutu na Mchafukoge, kata za katikati ya mji, hazina pa kuweka watu laki nne wapya. Walikwenda kwenye viwanja: Kinyerezi, Kivule, Msongola, Chanika, Pugu. Ilala ya ramani ni moja, lakini Ilala ya maisha ni mbili. Moja inafanyiwa kazi, nyingine inalaliwa, na katikati yake kuna foleni ya Tabata.

Panda ngazi moja, mambo yanazidi kunoga. Kati ya 2002 na 2012 Mkoa wa Dar es Salaam uliongezeka watu kwa asilimia 5.6 kwa mwaka. Kati ya 2012 na 2022, kutoka watu 4,364,541 hadi 5,383,728, kasi ilishuka mpaka kama asilimia 2.1, chini ya kasi ya nchi nzima, ambayo ilipanda kutoka 2.7 hadi 3.2. Dar es Salaam, mji ambao kila mwenye begi anakimbilia, iko nyuma ya wastani wa taifa! Kabla hujaandika kichwa cha habari kwamba jiji limechoka, teremsha kidole kwenye jedwali hilohilo mpaka Mkoa wa Pwani. Mwaka 2012 Pwani ilikuwa na watu 1,098,668. Mwaka 2022 ilikuwa na 2,024,947. Ongezeko la asilimia 84.

Si watu wote hao waliotoka Dar es Salaam. Pwani ina Rufiji, Kibiti na Mafia ndani yake, na ina viwanda vyake. Lakini fuata barabara ya Morogoro mpaka Kibaha, au ya Kilwa mpaka Mkuranga, au pita Pugu uingie Kisarawe, na utaona nyumba hazikatiki. Aliyenunua kiwanja Kisarawe kwa sababu cha Kinyerezi kimemshinda bei anafanya kazi Kariakoo, watoto wake wanatibiwa mjini, simu ya kazini inampata akiwa kwenye foleni ileile. Usiku wa sensa, yeye ni mtu wa Pwani. Jiji halikupunguza mwendo, limevuka mpaka wa mkoa, na vitabu vyetu vinaishia pale mpaka ulipo. Mtu anayepanga mabomba ya maji, mabasi au shule kwa kutazama safu ya Dar es Salaam peke yake anapangia mji ambao haupo.

Hapa inafaa tuone namba inavyozaliwa. Sensa ya 2022 ilihesabu watu waliolala nchini usiku wa kuamkia Jumanne, tarehe 23 Agosti. Ilikuwa sensa ya sita tangu Muungano, baada ya zile za 1967, 1978, 1988, 2002 na 2012, na ya kwanza ambayo makarani walibeba vishikwambi badala ya madodoso ya karatasi. Karani hupewa eneo lake la kuhesabia, eneo dogo lenye mipaka yake, na humo hutafuta kaya. Kaya ni watu wanaoishi pamoja na kula chungu kimoja. Nyumba moja ya wapangaji inaweza kuwa na kaya sita zinazogombania bomba moja.

Kinyerezi humpa karani mtihani ambao Kisutu haimpi: pagale. Kuta zimefika kwenye lenta, bati bado, nondo zimechomoza juu, na chumba kimoja kimewekewa turubai na mlango wa mabanzi. Ndani yumo mlinzi, mara nyingi na mke na mtoto mchanga.

“Hodi!”

“Karibu.”

“Shikamoo, mzee. Natoka sensa. Nyumba ni yako?”

“Marahaba, mwanangu. Mimi naangalia tu. Mwenyewe yuko Sinza.”

Karani anamwandika mlinzi, mke na mtoto, kaya ya watu watatu. Mwenye pagale anaandikwa Sinza, alikolala. Hesabu ni sahihi kabisa. Baada ya miaka minne mwenye nyumba anahamia na familia yake, mlinzi anahamishiwa pagale jingine huko mbele, na kitabu kinaendelea kusema kaya ya watu watatu mpaka sensa nyingine. Katika kata iliyokwisha kujengwa, mabadiliko ya namna hii ni madogo. Katika kata inayojengwa, hilo ndilo jambo lenyewe.

Kuna pia mambo ambayo karani hayaulizi. Sensa ya 1967 iliuliza dini na kabila, na baada ya hapo maswali hayo yakaondolewa kwa sababu za umoja wa taifa. Mwaka 2012 baadhi ya vikundi vya Waislamu viligoma kuhesabiwa vikidai swali la dini lirudishwe, na halikurudi. Kwa hiyo unapomsikia mtu anataja asilimia ya Wakristo na Waislamu wa Tanzania kwa uhakika wa desimali moja, muulize kaitoa wapi. Sensa haijamwambia kwa zaidi ya miaka hamsini.

Sensa inahesabu wote lakini inauliza machache. Ukitaka kujua watu wanakula nini na wana hali gani, inabidi ufungue kitabu kingine: Utafiti wa Mapato na Matumizi ya Kaya. Ofisi ya Taifa ya Takwimu imeufanya Tanzania Bara mwaka 1991/92, 2000/01, 2007, 2011/12 na 2017/18. Hapa ndipo zinapotoka namba za umaskini zinazotajwa majukwaani. Mwaka 2017/18 umaskini wa mahitaji ya msingi ulikuwa asilimia 26.4 kwa Tanzania Bara. Dar es Salaam ilikuwa asilimia 8, Rukwa asilimia 45.

Hiyo asilimia 8 nimeisikia ikitajwa kama sifa. Tuitazame vizuri. Kwanza, mwaka 2011/12 Dar es Salaam ilikuwa asilimia 4.1, kwa hiyo wakati nchi ilikuwa inashuka taratibu kutoka 28.2, jiji lilikuwa linapanda. Pili, mstari wenyewe. Maskini, kwa utafiti wa 2017/18, ni mtu ambaye matumizi yake hayafiki shilingi 49,320 kwa mwezi kwa kila mtu mzima. Gawanya kwa siku 30: shilingi 1,644. Humo mna chakula, nguo, sabuni, dawa, nauli, vyote. Mstari wa chakula peke yake ulikuwa shilingi 33,748, yaani kama 1,125 kwa siku, na umejengwa juu ya kalori 2,200 kwa mtu mzima. Ni kweli kwamba watafiti hurekebisha matumizi kulingana na tofauti za bei baina ya mahali na mahali, na wanafanya hivyo kwa ustadi. Lakini mtu anayeishi Kinyerezi kwa shilingi 2,000 kwa siku kitabuni si maskini. Mwambie hivyo uso kwa uso uone.

Tatu, na hapa mpaka unarudi kwa sura nyingine, utafiti huu ni wa sampuli. Kaya 9,463 zilihojiwa kwa Bara nzima, zikichaguliwa 12 kwa kila eneo lililoteuliwa. Kama eneo moja la Kinyerezi liliteuliwa, basi Kinyerezi ilisemewa na milango 12. Milango hiyo ni mizuri ikijumlishwa na mingine kuupata mkoa. Peke yake haisemi lolote kuhusu kata. Diwani au mbunge anayesimama Segerea, jimbo lenye Kinyerezi, akasema umaskini wa hapa ni asilimia fulani hakutoa namba hiyo kwenye utafiti huu.

Kazi yenyewe ya utafiti ni ya kuchosha kuliko sensa. Mwaka 2011/12 kila kaya iliandika matumizi yake kwa siku 28. Fikiria daftari la mama mmoja: unga wa sembe kilo moja, mchicha mafungu mawili, mafuta ya kupima, dagaa fungu moja, mkaa kopo mbili, maji madumu manne, vocha. Fungu la mchicha la leo si fungu la jana, linanywea mvua zikikosa, bei ikibaki ileile. Mtu asipolipima kwa gramu, kalori zake ni za kubuni. Halafu kuna kinacholiwa nje. Baba amekunywa supu na chapati mbili kijiweni, mchana kala wali maharage kwa mama ntilie, jioni hakumbuki, au anakumbuka ila mkewe amekaa pembeni anasikiliza. Duniani kote tafiti za kaya hupata pombe kidogo kuliko ile ambayo viwanda vinasema vimeuza. Hakuna sababu ya kudhani sisi ni wakweli zaidi.

Utafiti huu huu ndio unaolisha namba ya mfumuko wa bei, ile inayotangazwa kila tarehe 8 ya mwezi. Kapu la bidhaa linapewa uzito kufuatana na matumizi ya wastani wa kaya za nchi. Katika kapu lenye kizio, yaani mwaka wa kulinganishia, cha 2015, chakula na vinywaji visivyo na kilevi vilichukua asilimia 38.5. Katika kapu la 2020 vilishuka hadi 28.2. Kaya inayotumia zaidi ya nusu ya fedha yake kwenye chakula ina mfumuko wake yenyewe, hasa mwezi ambao mchele na mahindi vimepanda na vifaa vya umeme vimetulia. Ofisi ya takwimu haidanganyi ikisema asilimia 3. Inamsema mtu wa wastani, na mtu huyo hajawahi kuonekana gengeni Kinyerezi.

Pato la taifa nalo lina mpaka, ila wake hauonekani kwenye ramani. Ni mpaka kati ya kazi inayohesabika na isiyohesabika. Kando ya barabara Kinyerezi kuna vijana wanaofyatua tofali na kuzianika juani, wengine wanauza mchanga na kokoto kwa tripu, wengine wanachomelea mageti. Katika miaka ya 1980 vitabu vya serikali vilikuwa havina mahali pa kuwaweka watu wa namna hiyo, wakati ambapo mshahara wa mfanyakazi wa serikali ulikuwa hauvuki wiki ya pili. Walioanza kuwaandika ni wasomi. Mwaka 1990 T. L. Maliyamkono na Mboya Bagachwa walitoa kitabu kuhusu uchumi wa pili wa Tanzania, ule uliokuwa ukitembea nje ya daftari la dola. Mwaka 1997 Aili Mari Tripp akatoa chake baada ya kuishi na kuhoji watu Manzese na Buguruni, akaonyesha jinsi kaya za mjini zilivyokuwa zinaishi kwa miradi midogo, maandazi, barafu, ufugaji wa kuku, kuliko kwa mishahara. Nawashauri wanafunzi wa uchumi wasome kwanza Tripp, kisha majedwali. Wakianza na majedwali wataamini kwamba Dar es Salaam ya 1985 ilikuwa imekufa.

Serikali ilifuata nyuma. Ilifanya utafiti wa sekta isiyo rasmi mwaka 1991, na hesabu za pato la taifa zilipopangwa upya mwaka 1997, uchumi uliongezeka kwenye karatasi kwa zaidi ya nusu. Desemba 2014 mwaka wa kizio uliposogezwa kuwa 2007, uliongezeka tena karibu theluthi. Februari 2019, kizio kilipokuwa 2015, uliongezeka kidogo. Wengine wamepitia hayo kwa kishindo zaidi: Ghana asilimia 60 mwaka 2010, Nigeria asilimia 89 na Kenya asilimia 25 mwaka 2014. Mchumi wa Norway, Morten Jerven, aliandika kitabu kizima mwaka 2013 kuuliza tunajua nini hasa kuhusu uchumi wa Afrika ikiwa namba zinaweza kuruka hivyo, na ofisi nyingi za takwimu barani hazikumpenda. Nadhani alikuwa na haki kuliko walivyokiri, ingawa yeye naye aliandika kana kwamba watakwimu walikuwa wamelala. Hawakuwa wamelala, walikuwa hawana gari, mafuta wala posho za kwenda kuhoji.

Tarehe 1 Julai 2020 Benki ya Dunia iliitangaza Tanzania kuwa nchi ya kipato cha kati ngazi ya chini. Kizingiti kilikuwa dola 1,036 kwa kila mtu, na Tanzania ilihesabiwa dola 1,080. Tofauti ni dola 44. Bila marekebisho ya kizio, sherehe ile isingefanyika mwaka ule. Siyo kwamba namba ilipikwa. Wafyatua tofali walikuwepo siku zote, ila mstari ulisogezwa mpaka ukawafikia.

Na kwa muda mfupi, mstari mwingine ulichorwa na sheria. Julai 2018 shirika la utafiti la Twaweza lilitoa matokeo ya kura zake za maoni za Sauti za Wananchi, yaliyoonyesha kukubalika kwa Rais Magufuli kumeshuka hadi asilimia 55, kutoka 96 mwaka 2016 na 71 mwaka 2017. Tume ya Sayansi na Teknolojia ikaliandikia barua kuhoji kibali, na mkurugenzi wa Twaweza, Aidan Eyakuze, akazuiliwa pasipoti. Septemba mwaka huohuo Bunge likairekebisha Sheria ya Takwimu ya 2015: kusambaza takwimu za kupinga au kupotosha zile rasmi likawa kosa la faini isiyopungua shilingi milioni 10, au kifungo kisichopungua miaka mitatu, au vyote. Benki ya Dunia ikasema wazi kwamba ina wasiwasi mkubwa. Juni 2019 kosa hilo likaondolewa. Leo mtu au taasisi inaweza kufanya utafiti wake na kuutangaza, na mabishano ya kitaalamu yana kamati yake.

Ruhusa hiyo ni muhimu zaidi huku pembeni kuliko mjini, kwa sababu rafu ya vitabu rasmi inaishia kwenye kata. Kati ya sensa na sensa, Kinyerezi inaishi kwa makadirio yanayotoka Dodoma, na makadirio huchukua mwendo wa zamani na kuusogeza mbele. Kilicho karibu zaidi na ukweli wa leo ni daftari la wakazi katika ofisi ya serikali ya mtaa, ambalo kila anayehamia anatakiwa kuandikishwa. Watu hawaendi. Wanakwenda siku wanapohitaji barua ya utambulisho: ya kufungulia akaunti, ya kumdhamini ndugu kituoni, ya kitambulisho cha taifa cha NIDA, ya mkopo. Kwa hiyo daftari linamjua vizuri mwenye kesi, mwenye deni na anayetafuta kazi. Mpangaji asiye na shida ya barua atasubiri karani wa 2032.